Marejesho Yamekamilika, Lakini Fedha Zilikuwa za Nani?

Kila taasisi ya mikopo midogo ina takwimu moja inayoipenda kuliko zote: kiwango cha marejesho. Asilimia 97. Asilimia 98. Wengine wanathubutu kuandika 99. Huwekwa mwanzoni mwa ripoti, karibu na picha ya mwanamke wa kijijini aliyesimama mbele ya biashara yake akitabasamu, na msomaji anaachwa aunganishe mwenyewe: amelipa, kwa hiyo amefanikiwa, amefanikiwa, kwa hiyo yuko huru.

Mimi muunganiko huo umenishinda siku nyingi. Marejesho yanaeleza kwamba fedha zimerudi zilikotoka, basi. Hayasemi zilipita mkononi mwa nani, zilifanya kazi gani, wala aliyezirudisha alizitoa wapi. Mkopeshaji halazimiki kuyajua hayo. Hesabu zake zimefunga vizuri, analala usingizi. Lakini anayekuja kuniambia kwamba mkopo umemkomboa mwanamke kiuchumi, huyo nitamdai majibu kabla sijasikiliza neno jingine.

Nianze na Jobra, maana wengi huanzia huko, ingawa nadhani huondoka na nusu ya habari. Mwaka 1976 Muhammad Yunus alikuwa mwalimu wa uchumi katika Chuo Kikuu cha Chittagong, Bangladesh, nchi iliyokuwa bado inajikongoja baada ya njaa ya 1974. Jobra ni kijiji kilicho jirani na chuo hicho. Humo alikuta watengenezaji wa vigoda vya mianzi ambao hawakuwa na fedha za kununulia mianzi yenyewe. Mfanyabiashara aliwakopesha, kwa sharti kwamba vigoda wamuuzie yeye, kwa bei anayoitaja yeye. Kilichobaki mkononi mwao jioni kilikuwa senti tu. Yunus na wanafunzi wake waliwaorodhesha watu waliokuwa wamenaswa na madeni ya aina hiyo, wakapata 42. Jumla ya fedha walizohitaji wote ili wajinasue ilikuwa kama dola 27 za Marekani. Akazitoa mfukoni mwake. Mwaka 1983 mradi uliozaliwa hapo ukawa Benki ya Grameen kwa sheria maalumu, na mwaka 2006 yeye na benki wakapewa kwa pamoja Tuzo ya Nobel ya Amani.

Watu wakiisimulia habari hii hushangazwa na udogo wa fedha. Mimi naona uzito uko kwenye lile sharti. Mtengeneza vigoda hakukosa bidii, hakukosa ujuzi, wala soko hakulikosa. Alikosa ruhusa ya kuchagua mnunuzi. Zile fedha kidogo zilimwondolea sharti, akaanza kupatana bei kama mtu mzima mwenye mali yake. Mkopo ulifaa kwa sababu uliutoa mkono wa mtu mwingine kwenye biashara yake. Upeleke mkopo huohuo mahali ambapo mkono unaobana uko kwingine, tuseme ndani ya nyumba, au kwenye hati ya shamba, na usishangae ukikuta hali ni ileile.

Kuna habari nyingine ya miaka miwili kabla ya Jobra ambayo haisimuliwi sana. Mwaka 1974, katika mji wa Ahmedabad, India, wanawake 4,000 walichanga rupia 10 kila mmoja wakaanzisha benki yao. Walikuwa wanachama wa SEWA, chama cha wafanyakazi kilichoanzishwa mwaka 1972 na mwanasheria Ela Bhatt: wachuuzi, wabeba mizigo, washonaji wa kulipwa kwa kipande. Wengi hawakujua kusoma wala kuandika. Nadhani habari yao haiuziki vizuri kwa sababu hakuna mkombozi aliyewafuata na mfuko. Walianza kwa kuweka, ndipo wakakopeshana, na benki ikawa mali yao. Tofauti hiyo ya nani ni mwenye benki na nani ni mteja inanifuata katika kila ninachokisoma juu ya jambo hili.

Wakopeshaji wengine walipoiga, waliiga zaidi mtindo wa Grameen: vikundi, mikutano ya kila wiki, marejesho madogomadogo, na wakopaji karibu wote wanawake. Sababu inayotangazwa ni nzuri, kwamba kipato cha mama humfikia mtoto. Ipo nyingine inayosemwa na maafisa mikopo wakiwa wenyewe kwa wenyewe: mwanamke anapatikana. Yuko nyumbani au shambani jirani, hahamihami kutafuta vibarua, na aibu ya kudaiwa mbele ya wenzake inamuuma kuliko inavyomuuma mume wake. Sababu hizi mbili zinaweza kukaa pamoja bila ugomvi. Lakini ya pili inahusu usalama wa fedha za mkopeshaji, na haina uhusiano wowote na uhuru wa mtu.

Mwaka 1996 watafiti wawili, Anne Marie Goetz na Rina Sen Gupta, walichapisha utafiti uliofanyika vijijini Bangladesh ambao ulipaswa kuwaamsha watu wote. Waliuliza swali jepesi: mkopo uliotolewa kwa jina la mwanamke, nani anaamua matumizi yake? Katika asilimia 63 ya mikopo waliyoichunguza, mamlaka ya mwanamke yalikuwa ya nusunusu, madogo sana, au hayakuwepo kabisa. Fomu ina jina lake. Mkutanoni anakaa yeye. Aibu ikija ni yake. Biashara ni ya mume, mtoto wa kiume au shemeji.

Ni rahisi kulisoma hilo ukahitimisha kwamba wanaume ni wezi. Mimi nadhani mambo yana kona zaidi. Nyumba nyingi zina mfuko mmoja, na kama biashara ya mume inaingiza zaidi, mke mwenye akili zake timamu anaweza kuamua fedha ziende huko. Naila Kabeer, aliyewahoji wakopaji wa Bangladesh na kuandika mwaka 2001, alipingana na akina Goetz kwa hoja ya aina hiyo: wanawake wenyewe walimweleza kwamba kule kuwa chanzo cha fedha nyumbani kulibadilisha namna walivyosikilizwa, hata pale ambapo fedha zilitumiwa na mtu mwingine. Namkubali kwa sehemu. Kusikilizwa si kitu kidogo. Ila mtu anayesikilizwa kwa sababu ana fomu ya mkopo mkononi atasikilizwa mpaka lini? Deni likiisha, heshima nayo inakwenda, na ili irudi lazima akope tena.

Tena kuna ushahidi uliokuja baadaye, nami naupenda kwa sababu unaonyesha jinsi swali likiulizwa vibaya linavyozaa jibu la kudhalilisha. Nchini Sri Lanka, Suresh de Mel, David McKenzie na Christopher Woodruff waliwapa wenye biashara ndogo mtaji wa bure, kwa kura, wanaume na wanawake. Faida ya wanaume ilipanda sana. Ya wanawake, kwa wastani, haikutikisika. Unaweza kukisia yaliyosemwa mitaani: wanawake hawajui biashara, wapewe semina. Mwaka 2019 Arielle Bernhardt na wenzake watatu wakazirudia takwimu za Sri Lanka, pamoja na za India na Ghana, wakaangalia nyumba nzima badala ya biashara moja. Kumbe mwanamke ambaye biashara yake ndiyo pekee nyumbani alizalisha kama mwanaume. Pengo lilitoka kwenye nyumba zenye biashara mbili, ambako mtaji wa mke uliingia kwenye biashara ya mume. Fedha zilizaa vizuri tu, isipokuwa zilizalia kwenye daftari jingine.

Sasa tuje kwenye umbo la mkopo wenyewe, maana hapa ndipo mwanamke wa kijijini anapoumia bila mtu yeyote kuwa mbaya.

Rejesho la kila wiki linaanza mara nyingi wiki moja au mbili baada ya kupokea fedha. Fikiria maana yake kwa mtu anayelima. Mbegu hailipi Jumatatu ijayo. Mifugo hailipi. Hata mti wa matunda hauna habari na ratiba ya afisa mikopo. Anayeweza kulipa kuanzia wiki ya pili ni yule ambaye tayari ana kitu kinachoingia kila wiki: ujira, fedha za mtoto aliyeko mjini, au uchuuzi unaozunguka haraka. Kwa hiyo mikopo inayoitwa ya wanawake wa vijijini huwasukuma wote kwenye uchuuzi uleule, wa bidhaa zilezile, kwa wateja walewale ambao nao hawana fedha. Wa kwanza anapata. Wa kumi anagawana faida na tisa waliomtangulia.

Huko Kolkata, India, Erica Field, Rohini Pande na wenzao walijaribu kitu kidogo, wakachapisha matokeo mwaka 2013. Wakopaji wengine waliachwa miezi miwili kabla ya rejesho la kwanza, badala ya wiki mbili za kawaida. Mkopo uleule, riba ileile. Waliopewa nafasi ya kupumua waliwekeza zaidi kwenye biashara, na karibu miaka mitatu baadaye faida yao ilikuwa kubwa kuliko ya wenzao waliofuata ratiba ya kawaida. Na walioshindwa kulipa kwa wakati miongoni mwao waliongezeka pia. Soma sentensi hizo mbili pamoja. Kumbe ile asilimia 98 ina gharama yake, na anayeilipa ni mkopaji. Marejesho yanakuwa safi kwa sababu anaogopa kujaribu chochote chenye hatari kidogo, na kisicho na hatari kwa kawaida hakikui.

Halafu riba. Sielewi kwa nini jambo hili halifundishwi shuleni. Chukua mkopo wa 100,000 wa sarafu yoyote, wa mwaka mmoja, riba asilimia 20. Kama riba inapigwa juu ya deni la mwanzo kwa mwaka mzima, mkopaji atarudisha 120,000, yaani 10,000 kila mwezi. Inasikika kama ishirini kwa mia. Lakini hakukaa na zile 100,000 mwaka mzima. Mwezi wa sita nusu yake na zaidi ilikuwa imesharudi, huku akiendelea kulipia riba ya fedha ambazo hana. Ukipiga hesabu juu ya salio linalopungua, riba yenyewe ni kama asilimia 35 kwa mwaka. Ongeza makato: ada ya asilimia 3 inayokatwa siku ya kwanza, na akiba ya lazima ya asilimia 10 inayoshikiliwa mpaka mwisho. Sasa amepokea 87,000 mkononi, na mkopo unaoitwa wa ishirini kwa mia umefika karibu asilimia 50. Hakuna aliyesema uongo popote. Kila namba iko kwenye karatasi. Ni kwamba hakuna aliyezijumlisha mbele yake.

Niliwahi kuwa mwandishi wa daftari la kikundi cha kuweka na kukopa, kazi ambayo humwangukia yeyote mwenye mwandiko unaosomeka. Daftari ni kitu kinachopendeza ukiwa mpenda utaratibu: jina, tarehe, kiasi, sahihi au dole gumba. Kulikuwa na mwenzetu mmoja ambaye mstari wake haukuwa na doa. Alikopa kwa taasisi ya nje kununua cherehani, na rejesho lake huko pamoja na mchango wake kwetu vilifika bila kusukumwa. Tulikuwa tunamtolea mfano. Baadaye sana ndipo alipotuambia, bila uchungu, kama mtu anayetaja hali ya hewa, kwamba cherehani aliiuza mwezi wa tano ili rejesho lisikwame, na miezi iliyobaki alilipa kwa vibarua na kwa kukopa kwa dada yake. Mwisho wa mzunguko alikuwa na sifa njema ya kukopesheka. Taasisi ikamwita, ikampongeza na kumwambia sasa anastahili mkopo mkubwa zaidi.

Kwa kumbukumbu za taasisi ile, yeye ni hadithi ya mafanikio. Nina hakika anahesabiwa.

Wazee walisema kukopa harusi, kulipa matanga, na watu huitumia methali hiyo kumcheka mkopaji kana kwamba msiba ameutaka mwenyewe. Mwenzetu hakufanya harusi yoyote. Alinunua chombo cha kazi, kama alivyoshauriwa.

Juu ya dhamana ya kikundi sitasema mengi. Wazo ni kwamba wenzako wakikudhamini watakuchunga, na wanaochungana hulipa. Ufilipino, Xavier Giné na Dean Karlan walifuatilia benki iliyowaondolea wakopaji dhamana ya kikundi, kila mtu akabaki na deni lake, ulipaji haukushuka. Grameen yenyewe iliilegeza dhamana hiyo ilipobadili mfumo wake mwanzoni mwa miaka ya 2000. Kikundi kina faida nyingi, ikiwemo ile ya kuwa na sababu halali ya kutoka nyumbani na kukaa na wanawake wenzako, jambo ambalo kwa wengine ndilo lenye thamani kuliko fedha. Lakini kikundi kilichogeuzwa kuwa mkusanya madeni hula urafiki uliokijenga, na nimeona watu wakibadili njia ya kwenda kisimani wasikutane na aliyewadhamini.

Wenye mitaji waliuona usafi wa marejesho wakajua kuna biashara. Aprili 2007 Compartamos, benki ya mikopo midogo ya Meksiko iliyokuwa imeanza kama shirika lisilo la faida, iliuza sehemu ya hisa zake sokoni kwa zaidi ya dola milioni 400, wakati wakopaji wake, wengi wao wanawake wa vijijini, walikuwa wakilipa riba iliyokaribia asilimia 100 kwa mwaka ukijumlisha kodi. Agosti 2010 SKS, taasisi ya mikopo midogo ya India, nayo ikaingia sokoni. Miezi miwili baadaye jimbo la Andhra Pradesh, ambako wakopaji wengi walikuwa na mikopo ya taasisi kadhaa kwa wakati mmoja, wakikopa huku kulipa kule, lilitoa amri ya kuzibana taasisi hizo kufuatia taarifa za wadaiwa kujiua. Ulipaji jimboni ukaporomoka karibu wote. Mwezi mmoja marejesho yalikuwa ya kujivunia, mwezi uliofuata hayapo, na wanawake walikuwa walewale. Takwimu ile ilikuwa imepima kitu gani miaka yote hiyo?

Ndipo yakaja majibu ya vipimo vikubwa. Januari 2015 zilichapishwa kwa pamoja tafiti sita kutoka Bosnia, Ethiopia, India, Meksiko, Mongolia na Moroko, ambazo zililinganisha watu au maeneo yaliyofikiwa na mikopo midogo na yale yaliyokuwa bado hayajafikiwa. Picha ilifanana kwa kiasi cha kushangaza. Baadhi ya watu walikuza biashara zao. Watu walipata uhuru zaidi wa kupanga kazi na matumizi yao. Lakini kipato cha nyumba, kwa wastani, hakikupaa, na dalili kwamba wanawake walipata sauti kubwa zaidi nyumbani zilikuwa haba. Walioiona mikopo midogo kama dawa ya umaskini waliumia. Walioiona kama unyonyaji mtupu nao hawakupata walichotaka, maana wakopaji kwa wastani hawakufilisika. Ikabaki kuwa huduma ya fedha, yenye manufaa kwa wengine, kama zilivyo huduma nyingine.

Mimi sikuvunjika moyo. Kwangu lilikuwa jibu la haki kwa swali lililoulizwa mahali pasipo penyewe. Miaka yote tulibishana juu ya ukubwa wa mkopo na riba yake, tukaacha kutazama fedha zinatua wapi zikishatolewa.

Watafiti wachache walitazama. Uganda, Emma Riley alifanya kazi na wanawake wapatao 3,000 waliokuwa wakopaji wa BRAC, shirika la maendeleo lililoanzia Bangladesh. Wote walipata mikopo yao ya kawaida. Tofauti ni kwamba baadhi yao, badala ya kukabidhiwa noti mkononi, waliwekewa kwenye akaunti ya fedha ya simu iliyofunguliwa kwa ajili ya biashara. Hakuna semina, hakuna fedha za ziada. Baada ya miezi minane, faida ya biashara zao ilikuwa juu kwa asilimia 15 na mtaji kwa asilimia 11 kuliko wa waliopokea taslimu, na walionufaika zaidi walikuwa wale waliokuwa wakibanwa na familia kugawa fedha. Noti zikiingia nyumbani zinaonekana. Kila mwenye shida anaziona, na mwanamke akizinyima anaitwa mchoyo. Fedha zilizo kwenye simu yenye namba ya siri haziombwi kirahisi hivyo. Nadhani kila mwanamke aliyewahi kuficha fedha kwenye pindo la khanga angeweza kuwaambia hayo bila utafiti, lakini ni vizuri yamepimwa.

Jimbo la Madhya Pradesh nchini India nako kuna jambo linalonifikirisha zaidi, maana halihusu mkopo hata kidogo. Serikali ilikuwa na kazi za umma za vijijini zenye ujira, na ujira wa mke mara nyingi uliingia kwenye akaunti ya mume. Field, Pande na wenzao walisaidia baadhi ya wanawake kufungua akaunti zao, wakaelekezwa namna ya kuzitumia, na ujira wao ukaelekezwa huko moja kwa moja. Matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2021, ni kwamba wanawake hao walifanya kazi zaidi, za serikali na za watu binafsi, na mabadiliko yalikuwa makubwa zaidi kwa wale ambao mwanzoni walikuwa wamefungwa zaidi na desturi za nyumbani. Kumbe walikuwa tayari kutoka kwenda kazini, ilimradi jasho lao lifike kwao.

Na bado lipo sanduku. Mwaka 1991, eneo la Maradi nchini Niger, shirika la CARE lilisaidia wanawake kuanzisha vikundi vilivyokuja kuigwa sehemu nyingi duniani, na ambavyo msomaji wangu huenda anavijua kwa jina la vikoba au jina jingine. Kila mkutano wanachama wananunua hisa. Fedha zinakaa kwenye sanduku lenye kufuli tatu, funguo kwa watu watatu tofauti, na zinahesabiwa mbele ya wote. Anayekopa analipa riba waliyoipanga wenyewe. Mzunguko ukiisha, kwa kawaida baada ya mwaka hivi, wanavunja sanduku na kugawana kila kitu kulingana na hisa, riba ikiwemo. Hapo kuna mantiki ileile ya rupia 10 za Ahmedabad: riba haiondoki kijijini kwenda kwa mwenye hisa asiyemjua mtu yeyote pale.

Nalisifu sanduku, ila nilishalihesabu mara nyingi kiasi cha kuzijua aibu zake. Ni dogo. Msimu wa kupanda ukifika wote wanataka kukopa wiki moja, na msimu wa mavuno ukifika hakuna anayetaka. Aliye maskini kabisa hashiriki, kwa sababu hana hata hisa moja ya kununua kila wiki. Huyo, kwa maoni yangu, hahitaji deni la aina yoyote. Mwaka 2002 BRAC ya Bangladesh ilianzisha mpango wa kuwapa familia fukara mali ya kuanzia bila kudai irudi, pamoja na posho kwa muda na mtu wa kuwatembelea. Mpango wa namna hiyo ulipopimwa katika nchi sita na matokeo kuchapishwa mwaka 2015, nafuu ilikuwa bado ipo mwaka mmoja baada ya msaada wote kukoma. Ni ghali, bila shaka. Wafadhili hupenda mkopo kwa sababu unarudi na kutolewa tena, kwa hiyo tunaendelea kuwakopesha watu ambao tungepaswa kuwapa.

Juu ya haya yote imekaa sheria, nayo ndiyo ninayoona inasahauliwa zaidi, pengine kwa sababu haina picha nzuri. Tusidhani ni habari za nchi maskini peke yake. Ufaransa, mwanamke aliyeolewa alipata haki ya kufungua akaunti ya benki bila idhini ya mume mwaka 1965. Marekani, sheria ya kupiga marufuku ubaguzi wa kijinsia katika utoaji wa mikopo ilipitishwa mwaka 1974, mwaka uleule wachuuzi wa Ahmedabad walipofungua benki yao. Katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, sharti la mke kupata idhini ya mume kabla ya kufunga mikataba liliondolewa kwenye Sheria ya Familia mwaka 2016 tu. Kabla ya hapo ungeweza kumkopesha mwanamke, kumfundisha na kumpongeza, lakini sahihi yake pekee haikutosha.

Kisha kuna ardhi. Mikopo midogo ilijisifu kwa kutodai dhamana, na hiyo ilikuwa heri kwa mwanamke ambaye shamba analolima lina jina la mume, baba mkwe au ukoo. Anapotaka kupanda kutoka uchuuzi kwenda biashara yenye ukubwa, anaambiwa alete hati, na hati hana. Kwa hiyo wengi tumepigania jina la mwanamke liandikwe kwenye hati, peke yake au pamoja na mumewe, na mimi bado napigania hilo. Lakini tazama Kambodia. Huko wanavijiji wengi walipata hati, wakopeshaji wadogo wakazigeuza kuwa dhamana ya kawaida, mikopo ikakua kuliko mazao, na familia zikauza ardhi ili kumaliza madeni. Hati yenye jina lake inampa mwanamke kitu cha kusimamia nyumbani, na papo hapo inampa mkopeshaji kitu cha kuchukua. Mume akitaka kukopa kwa hati hiyo, sahihi ya mke itahitajika, na mezani atakuwepo afisa mwenye lengo la mwezi, mume mwenye haraka, na yeye. Sijaona bado taasisi inayomwita mwanamke huyo pembeni, peke yake, kumuuliza kama anakubali.